Ardhi ya ukoo na bibi aliyekosa wa kumtunza

Tarehe 24 Agosti 1988, mama mmoja wa Muleba aliuza shamba la ukoo kwa shilingi 300,000. Shamba hilo aliachiwa na baba yake kwa wosia halali. Umri ulikuwa umekwenda, nguvu zimepungua, na kumbukumbu za shauri zinaeleza kwamba hakuwa na mtu wa kumtunza. Akamuuzia mtu wa nje ya ukoo. Kesho yake, tarehe 25, mpwa wake alikuwa amekwishafika Mahakama ya Mwanzo Kashasha kufungua shauri. Hoja yake ilikuwa fupi: kwa mila ya Kihaya mwanamke hana mamlaka ya kuuza ardhi ya ukoo, kwa hiyo mauzo yabatilishwe.

Siku moja tu. Kila ninapolisoma shauri hili macho yangu yanagota hapo. Ukoo uliokosa mtu wa kumtunza mzee huyu ulimpata mtu wa kumshitaki kabla jua la pili halijazama. Simsemi mpwa huyo kwa ubaya. Alisimamia jambo ambalo wengi wetu tuliozaliwa Bukoba na Muleba tumelelewa kuliamini, na huenda alidhani anawatetea marehemu waliolala chini ya migomba ile. Lakini pengo hilo, kati ya mapenzi yetu kwa ardhi na mapenzi yetu kwa mtu anayeishi juu yake, ndilo ninalotaka kulizungumzia, na nitalizungumzia nikiwa na Biblia mkononi. Wanasheria wamekwishaandika mengi juu ya shauri hili, Ephrahim dhidi ya Pastory. Makanisa yetu, ambayo kengele zake zinasikika hadi kwenye vibanja hivyohivyo, hayajasema ya kutosha.

Asiyeijua Kagera anaweza kudhani kibanja ni shamba la migomba kama mashamba mengine. Udongo wa nyanda hizi zinazopakana na Ziwa Viktoria, kutoka Bukoba kupanda hadi Kamachumu, kwa asili ni hafifu. Mvua nyingi inauosha rutuba yake. Toka ndani ya kibanja uingie rweya, lile eneo la nyasi linalozunguka vijiji, utaiona tofauti kwa hatua chache. Kule ni nyasi fupi juu ya ardhi ngumu yenye changarawe. Huku ni udongo mweusi unaobonyea chini ya mguu. Weusi ule haukuletwa na mvua. Watu walikata nyasi za rweya, wakazibeba kichwani, wakazitandaza chini ya migomba. Wakaongeza samadi, majivu, maganda ya ndizi na makapi ya jikoni, kizazi baada ya kizazi, mpaka mahali pasipofaa kitu pakalisha watu. Sehemu kubwa ya mizigo hiyo ilibebwa na wanawake. Maharage yanayoota kati ya mibuni waliyapanda wao. Mpakani pamepandwa mlamula, mti usiokufa upesi hata ukiukata, na karibu na nyumba, mahali ambapo mgeni hawezi kupita bila kuyaona, yako makaburi.

Kwa hiyo Mhaya anaposema kibanja cha baba anasema habari ya chakula, ya jina, ya kazi ya mikono ya watu waliokwisha kufa, na ya mahali atakapozikwa yeye mwenyewe. Mtu wa namna hii hahitaji semina ili aielewe Biblia inapozungumza juu ya ardhi. Ibrahimu aliahidiwa nchi nzima, lakini kipande cha kwanza kilichokuwa chake kwa bei na mashahidi kilikuwa shamba la Makpela na pango lake. Alilinunua kwa Efroni Mhiti kwa shekeli 400 za fedha ili amzike Sara mkewe. Umiliki wake katika nchi ya ahadi ulianza na kaburi. Wasomaji wa kwetu wanaisoma sura ya 23 ya Mwanzo na kuitikia kwa kichwa.

Nabothi naye hahitaji kufafanuliwa. Mfalme Ahabu alilitaka shamba lake la mizabibu lililokuwa karibu na jumba la kifalme Yezreeli, akatoa bei, akatoa hata shamba jingine lililo bora. Nabothi akakataa, kwa kuwa ulikuwa urithi wa baba zake. Aliuawa kwa ushahidi wa uongo uliopangwa na Yezebeli. Nimeisikia sura hiyo ikitajwa kwenye vikao vya koo mara nyingi kuliko nilivyoisikia kanisani, na inatajwa kwa haki. Inalinda jambo la kweli: kwamba kuna ardhi isiyopimwa kwa bei peke yake, na kwamba tajiri au mtawala hawezi kununua kila kitu eti kwa sababu mfuko wake ni mzito. Walawi 25 inalikazia hilo kwa sheria: nchi ni mali ya Mungu, wanadamu ni wageni na wapangaji wake, isiuzwe moja kwa moja, na aliyelazimika kuuza kwa umaskini awe na jamaa wa kumkombolea. Mwanazuoni wa Marekani Walter Brueggemann, katika kitabu chake cha mwaka 1977 juu ya ardhi katika Biblia, alidai kwamba ardhi ni kiini cha imani ya Biblia, jambo ambalo Wakristo wa mijini walikuwa wamelisahau. Vijijini Kagera hatukulisahau. Tulichosahau ni nusu ya pili ya maandiko hayohayo.

Katika kitabu cha Hesabu, sura ya 27, dada watano wasio na kaka, Mala, Noa, Hogla, Milka na Tirza, mabinti wa Selofehadi, walisimama mlangoni pa hema ya kukutania, mbele ya Musa, mbele ya kuhani Eleazari, mbele ya viongozi na mkutano wote. Baba yao alikuwa amekufa jangwani. Walichouliza kilikuwa chepesi na kizito kwa pamoja: kwa nini jina la baba yetu lifutike katika ukoo wake kwa sababu tu hakuwa na mwana wa kiume? Angalia walivyojenga hoja. Hawakusema ukoo hauna maana. Walisimama ndani ya ukoo, wakadai kwamba wao pia ni ukoo. Musa hakuthubutu kujibu kwa akili yake. Alilipeleka shauri kwa Mungu, na jibu likaja kwamba mabinti hao wamesema kweli, wapewe urithi kati ya ndugu za baba yao.

Tusiipambe habari hii kuliko ilivyo. Sheria iliyofuata bado ilimtanguliza mwana wa kiume. Binti alirithi pale tu mwana hayupo. Na sura ya 36 ya kitabu hichohicho wazee wa ukoo walirudi kwa Musa na hofu ambayo ungedhani imeandikwa kwenye kikao cha wazee wa Kamachumu: mabinti hawa wakiolewa kabila jingine, ardhi itaondoka nao. Wakaamriwa waolewe ndani ya kabila la baba yao. Ni sharti zito, na silitetei. Lakini hata wazee hao, pamoja na hofu yao, hawakuomba ardhi inyang'anywe, wala hakuna aliyewaambia mabinti walime na wale tu mpaka wafe halafu wapishe. Yoshua alipogawa nchi, walipata fungu lao kati ya ndugu za baba yao. Na mwishoni mwa kitabu cha Ayubu, mzee yule aliyerudishiwa baraka aliwapa binti zake watatu urithi pamoja na kaka zao, ijapokuwa kaka walikuwepo saba.

Sasa turudi Muleba. Mahakama ya Mwanzo Kashasha ilikubaliana na mpwa: mauzo ni batili, fedha zirudishwe kwa mnunuzi. Mahakama ya Wilaya ikaupindua uamuzi huo, ikisema Katiba, baada ya kuingizwa haki za binadamu mwaka 1984, hairuhusu tena mtu kubaguliwa kwa jinsia yake. Mpwa akakata rufaa Mahakama Kuu, Mwanza. Tarehe 22 Februari 1990, Jaji James Mwalusanya akatoa hukumu inayosomwa mpaka leo katika vyuo vya sheria ndani na nje ya Afrika. Alisema mila ya Kihaya iliyomnyima mwanamke haki ya kuuza ardhi ya ukoo inagongana na ibara ya 13(4) ya Katiba na mikataba ya kimataifa ambayo Tanzania imeisaini, na kuanzia hapo mwanamume na mwanamke wawe sawa katika kurithi na kuuza.

Wengi wanaijua hukumu hiyo mpaka hapo, na wazee wengi waliichukia mpaka hapo, wakidhani jaji ameuvunja ukoo. Hakuuvunja. Aliiacha ile kanuni ya zamani kwamba mwanaukoo akiuza ardhi kwa mtu wa nje bila ridhaa, ndugu wanaweza kuikomboa kwa kumrudishia mnunuzi fedha yake. Alichofanya ni kusema kanuni hiyo iwafunge wanaume na wanawake kwa kipimo kimoja. Akampa mpwa miezi sita. Alete shilingi 300,000, shamba litarudi kwenye ukoo. Asipoleta, ni la mnunuzi.

Mimi naiona hukumu hiyo kuwa karibu sana na Biblia, karibu kuliko mahubiri mengi niliyosikia juu ya ardhi. Yeremia akiwa kizuizini uani kwa walinzi, Yerusalemu imezingirwa na majeshi ya Babeli, alifuatwa na binamu yake Hanameli aliyemtaka anunue shamba lake la Anathothi. Haki ya kukomboa ilikuwa ya Yeremia. Akapima shekeli 17 za fedha, akaandika hati, akaitia muhuri mbele ya mashahidi, ingawa kila mwenye akili alijua nchi inakwenda kutekwa. Haki ya ukoo katika Biblia inalipiwa. Anayesema shamba hili lisitoke nje ya ukoo anatakiwa aingize mkono mfukoni.

Na kuna malipo makubwa kuliko fedha. Sura ya nne ya Ruthu ndiyo ningependa isomwe kwa sauti kila msiba unapokwisha na wazee wanapokaa kugawa mali. Boazi aliketi langoni pa Bethlehemu, akamwita jamaa wa karibu zaidi wa marehemu Elimeleki, akaita na wazee kumi. Akasema Naomi anauza kipande cha shamba. Wewe ndiwe mwenye haki ya kwanza, unakikomboa? Yule jamaa akajibu bila kusita: nitakikomboa. Shamba alilitaka. Boazi akaendelea: siku utakayolichukua shamba, unamchukua na Ruthu, mjane, mgeni kutoka Moabu, ili jina la marehemu lisimame katika urithi wake. Hapo jamaa akageuka. Akasema atauharibu urithi wake mwenyewe, akavua kiatu chake, akajitoa.

Mwandishi wa kitabu hakulitaja jina la mtu huyo. Shamba alilitaka, binadamu aliyekuja nalo hakumtaka. Mimi nimemwona kwenye vikao vingi vya matanga. Anafika na gari kutoka mjini, anauliza mpaka wa kibanja uko wapi, anauliza mibuni ni mingapi, haulizi mama anakula nini.

Lazima niseme jambo moja waziwazi ili nisieleweke vibaya. Simsemei mjane arithiwe kama mke. Desturi hiyo imetuua. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI waliotambuliwa nchini, mwaka 1983, walitoka Kagera, na miaka iliyofuata tulizika vijana wa nyumba nzima. Wajane wa umri mdogo walibaki na watoto, na katika nyumba nyingi walibaki pia na shutuma kwamba wao ndio waliomuua mume. Waliokataa kurithiwa na shemeji walifukuzwa. Baadhi ya waliokubali walizikwa. Sheria ya mila iliyotangazwa na Serikali mwaka 1963, Tangazo Na. 436, ilikuwa upande wa waliofukuza, kwani ilisema mjane hana fungu katika mali ya mume iwapo ndugu za mume wapo. Fungu lake ni kutunzwa na watoto wake. Na watoto walikuwa wa miaka minne, mitano. Ninachokichukua kwa Boazi ni ule msimamo wake mbele ya wazee kumi: kwamba dai la ardhi na wajibu wa kumtunza mwenye kuishi juu yake ni jambo moja, na asiyeuweza wajibu ajitoe hadharani, avue kiatu.

Watetezi wa mila husema haya ni mambo ya wazungu na mahakama zao, mila yetu ni ya tangu na tangu. Historia inatupa jibu gumu zaidi. Kanuni zilizompa binti haki ya kutumia tu maishani mwake, bila kuuza, hata kwenye shamba ambalo baba alilinunua mwenyewe, ziliandikwa na Mamlaka ya Wenyeji ya Bukoba mwaka 1944, chini ya Waingereza. Mwaka uliofuata Hans Cory na Hartnoll wakachapisha kitabu chao juu ya sheria za mila za Wahaya. Mila yenyewe ilikuwepo kabla, sikatai. Ila mila inayosimuliwa na wazee chini ya mti hujadiliwa na kunyooshwa kulingana na mtu aliye mbele yao. Ikishaingia kwenye karatasi ya serikali inakuwa ukuta. Mzee mwenye huruma hapati tena nafasi ya kusema, huyu binti yetu ametutunzia wazazi, tumwachie.

Na sisi wenyewe tunajua maana ya kuishi kwenye ardhi kama mpangaji. Chini ya mfumo wa nyarubanja, abakama, yaani watawala wa Kihaya, waliwagawia jamaa zao na wapendwa wao maeneo yenye watu ndani. Wenyeji waliamka asubuhi wakiwa batwarwa, wapangaji kwenye vibanja vilivyotengenezwa na babu zao, wakidaiwa ndizi, pombe na kazi. Kahawa ilipoanza kuleta fedha wakati wa ukoloni, tamaa ya wakubwa ikaongezeka. Isaya na Mika waliwalaani watu wa namna hiyo, wanaounganisha nyumba kwa nyumba na shamba kwa shamba mpaka nafasi inakwisha. Ulipokuja uhuru, Wahaya wengi walishangilia kuvunjwa kwa nyarubanja. Mwaka 1965 Bunge likapitisha sheria ya kuwakomboa wapangaji wake. Babu zetu hawakukubali kuambiwa, lima, kula, lakini si chako. Kisha wakawaambia binti zao maneno hayohayo.

Kanisa lilikuwa wapi? Wamisionari Wakatoliki walianza Kashozi mwaka 1892. Kwa upande wa Walutheri, Wahaya wenyewe waliileta Injili kutoka Uganda kabla ya wamisionari wa Betheli kufika mwaka 1910. Ardhi hii imetoa watu wakubwa: Laurean Rugambwa, aliyeanza uaskofu Rutabo, Muleba, akawa mwaka 1960 kardinali wa kwanza Mwafrika, na Josiah Kibira, askofu wa Walutheri Bukoba, aliyeliongoza Shirikisho la Kilutheri Duniani kuanzia 1977 hadi 1984. Kibira alitoa mwaka 1974 kitabu kilichouweka ukoo waziwazi kati ya Kanisa na ulimwengu. Alijua kwamba kwa Mhaya huwezi kuhubiri ukaupita ukoo pembeni. Ndolage na Rubya kuna hospitali za Kanisa ambazo zimeokoa maisha ya maelfu, na shule za misheni zimewasomesha wasichana ambao mila isingewasomesha.

Ila kwenye kibanja, Kanisa lilisimama mlangoni. Padre au mchungaji anafika msibani, anaongoza ibada, anabariki kaburi, anaondoka. Wazee wa ukoo wanabaki. Musika, yaani mrithi mkuu, anatangazwa, wosia unasomwa au unakosekana, na mjane anaambiwa atakaa wapi na kwa muda gani, naye mtumishi wa Mungu amekwishapanda pikipiki. Tumefundishwa kwamba hayo ni mambo ya familia. Tumefundishwa pia kwamba dunia si kwetu, sisi ni wapita njia, kama Waebrania 11 inavyosema juu ya Ibrahimu aliyekaa hemani. Ni kweli na inafariji. Lakini naona wanaowakumbusha wajane kwamba dunia si kwao mara nyingi wana hati za ardhi nyumbani.

Wapo watakaonikumbusha Luka 12, ambapo mtu alimwomba Yesu amwambie kaka yake agawane naye urithi, Yesu akakataa kuwekwa mgawanyaji. Nimeisoma sura hiyo kwa makini. Alikataa uhakimu, halafu papo hapo akahubiri juu ya choyo, akasimulia habari ya tajiri aliyepanga kubomoa ghala zake ajenge kubwa zaidi, usiku uleule akafa. Hakunyamaza juu ya urithi. Aligusa mzizi wa ugomvi. Na alipowataja walimu wa sheria wanaosali sala ndefu huku wakila nyumba za wajane, alisema hukumu yao itakuwa kubwa zaidi. Sijui andiko jingine linalopaswa kututia hofu kuliko hilo, sisi tulio na vyeo makanisani na viti kwenye vikao vya koo.

Swali gumu kweli ni lile la udogo wa vibanja. Baba mwenye ekari moja na watoto saba akigawa kwa wote, ndani ya vizazi viwili hakuna atakayevuna mkungu wa maana, na mnyauko wa migomba uliogunduliwa Muleba mwaka 2006 umetuonyesha jinsi shamba dogo linavyokosa pa kukimbilia. Biblia haina jibu la hesabu hiyo. Ninachokataa ni kwamba uhaba huo ubebwe na binti peke yake. Vibanja vinagawanywa tayari, kati ya wana. Vinauzwa tayari, na wauzaji wengi ni wana: kwa ajili ya pikipiki, kiwanja cha mjini, nauli ya kwenda Mwanza. Kama ukoo unaogopa mtu wa nje, haki ya kukomboa ipo kwa wote. Na kama kibanja hakigawanyiki, mmoja akae, wengine walipwe thamani ya fungu lao pole pole kwa msimu wa kahawa, binti akiwemo. Familia kadhaa zinafanya hivyo kimyakimya, na makaburi yako palepale.

Sheria ya nchi haiko tena upande wa ukuta wa 1944. Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji za mwaka 1999 zinampa mwanamke haki sawa na mwanamume ya kupata, kutumia na kuuza ardhi. Mila inayomnyima haki hiyo haina nguvu. Baraza la ardhi la kijiji lina watu saba, na watatu lazima wawe wanawake. Lakini tangazo la mila la 1963 lilibaki, na mwaka 2015 Kamati ya Umoja wa Mataifa ya kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake iliamua kwamba Tanzania imevunja haki za wajane wawili wa Shinyanga kwa kuliacha litumike dhidi yao. Mama wa Muleba alishinda mwaka 1990, na robo karne baadaye wajane walikuwa bado wanapigania jambo lilelile hadi Geneva.

Ndiyo maana naleta mzigo huu kwa Kanisa, kwa kuwa mjane hafiki Geneva, na wengi hawafiki hata Mwanza. Kanisani anafika kila Jumapili. Mtumishi anayezika abaki mpaka kikao cha ukoo kiishe, na swali la kwanza liwe la mjane na watoto kabla ya la musika. Jumuiya ndogondogo na wazee wa mtaa wawe mashahidi wa wosia ulioandikwa wakati mtu ana afya yake. Mafundisho ya kipaimara na ya ndoa yataje mabinti wa Selofehadi kwa majina. Na Kanisa lenyewe lianze kwenye ardhi yake: mzee akileta sadaka ya kipande cha kibanja ili kijengwe kigango, halmashauri ya parokia imuulize kwanza mkewe na binti zake, kwa faragha, kama wamekubali. Barnaba aliuza shamba lake akaleta fedha miguuni pa mitume, na alikuwa na uhuru huo kwa kuwa lilikuwa lake. La mke wake asiyeulizwa lisingekuwa sadaka.

Kuna mwanamke mmoja wa Biblia ambaye angefaa kufundishwa Muleba kuliko wote. Mwanamke wa Shunemu, aliyefufuliwa mwanawe na Elisha, aliondoka nchini kwa njaa ya miaka saba, akaenda kukaa kwa Wafilisti. Aliporudi, nyumba na shamba lake havikuwa tena mikononi mwake. Hakwenda kulia pembeni. Alikwenda kumlilia mfalme. Biblia haisemi mume wake alikuwa wapi. Alikuwa amekwishazeeka tangu mwanzo wa habari, na wasomaji wengi hudhani alikuwa amefariki. Mfalme akamteua ofisa, akaamuru arudishiwe kila kilichokuwa chake, pamoja na mazao yote ya shamba tangu siku alipoiacha nchi.

Kwetu, hata pale usuluhishi unapofaulu na mjane akarudishiwa kibanja, mazao hayatajwi. Wazee wanahesabu migomba iliyosimama, wanapeana mikono, wanasema yaliyopita yamepita. Lakini hesabu ya mazao inawezekana. Ndizi zimeliwa, zimekwisha; kahawa ilipelekwa chama cha msingi, ikapimwa, ikaandikwa kilo kwa kilo, msimu kwa msimu, kwa jina la aliyeipeleka. Vitabu hivyo vipo. Baraza la kijiji na mchungaji wa mtaa wanaweza kuviomba, wakajumlisha kuanzia msimu ule aliofukuzwa, wakamwita shemeji, wakampa tarehe ya kulipa.